Maurice Garin aliishije kwa kukanyaga pedali?

Mwanzoni mwa miaka ya 1890 kijana mmoja mfupi alifika Avesnes-sur-Helpe, mji mdogo wa kaskazini mwa Ufaransa, akiwa na baiskeli yake. Alitaka kushiriki mbio za siku hiyo. Waandaaji wakamkatalia: mbio hizi ni za wachezaji wa kulipwa, na wewe si wa kulipwa. Kijana hakubishana, wala hakurudi nyumbani. Alisubiri wenzake waanze na kutokomea barabarani, kisha akapanda baiskeli na kuwafukuza. Akawapita mmoja baada ya mwingine, akaanguka mara mbili njiani, akainuka, na akafika mwisho kabla ya wote. Watu waliokuja kutazama wakapagawa. Waandaaji wakashikilia msimamo wao na kumnyima zawadi ya faranga 150. Ndipo watazamaji wakaingiza mikono mifukoni, wakachangishana, na kumkabidhi faranga 300.

Kijana huyo ni Maurice Garin, ambaye miaka kama kumi baadaye angeshinda Tour de France ya kwanza kabisa, mbio za baiskeli za kuizunguka Ufaransa. Kisa hiki husimuliwa sana kama kisa cha ukaidi, na kweli Garin alikuwa mkaidi. Lakini tukitazama pesa badala ya misuli, tunaona jambo jingine. Sheria ilimnyima, watazamaji wakampa. Hapo ndipo alipoelewa kwamba anachokiuza kina mnunuzi, na haukupita muda akajiunga na wa kulipwa.

Maisha yake ya michezo huwatatiza wengi wanaoyasoma leo. Alikuwa mtu wa barabarani au wa uwanjani? Alikuwa Mfaransa au Mwitaliano? Na lile la mwaka 1904, alipofutiwa ushindi wa Tour ya pili, alikuwa bingwa aliyedhulumiwa au mdanganyifu aliyenaswa? Majibu huchanganyika kwa sababu tunampima kwa mchezo tunaoujua sisi, wenye timu, makocha, mishahara na magari ya msaada. Yeyote aliyetazama mashindano ya dunia ya baiskeli ya 2025 pale Kigali aliona mwendeshaji akipata pancha, akiinua mkono, na gurudumu jipya likimfikia kabla hajapoa. Garin hakuwa na ulimwengu huo. Ili kumwelewa inabidi turudi kwenye swali la msingi: mtu huyu alikuwa akilipwa na nani, na kwa ajili ya nini?

Alizaliwa tarehe 3 Machi 1871 huko Arvier, katika bonde la Aosta, milimani. Ni upande wa Italia, ila wenyeji wake walizungumza Kifaransa na lahaja zake. Ilikuwa familia ya watoto tisa na kipato kidogo. Alipokuwa bado mvulana familia ikahamia upande wa Ufaransa, na Maurice akaingia kwenye kazi iliyowasubiri watoto wengi wa milima ile: kusafisha dohani. Mtoto mwembamba aliingizwa ndani ya bomba la moshi akakwangua masizi kwa mikono. Ipo hadithi kwamba baba yake alimtoa kwa mwajiri kwa kubadilishana na duara la jibini. Imerudiwa mno hata ikaonekana ni kweli. Mimi naichukua kama hadithi tu. Lililo wazi ni kwamba kazi ya dohani ilimpitisha Reims, Charleroi ya Ubelgiji, na hatimaye Maubeuge, na jina la utani la "msafisha dohani mdogo" halikumtoka hata alipokuwa tajiri.

Baiskeli yake ya kwanza aliinunua Maubeuge mwaka 1889 kwa faranga 405. Tuipime bei hiyo. Hata zaidi ya miaka kumi baadaye, kibarua wa kiwandani Ufaransa alikuwa akipata kama faranga 5 kwa siku. Kwa hiyo baiskeli ilikuwa sawa na mshahara wa miezi mitatu hivi bila kula wala kulipa kodi ya nyumba. Kijana wa masizi hakuinunua kwa kujifurahisha. Alikuwa akipita nayo mitaani kwa kasi hadi watu wakamwita kichaa.

Sasa tuje kwenye lile neno lililomfungia mlango Avesnes. Mchezo wa baiskeli wa wakati huo uligawanyika kati ya ridhaa na kulipwa, na mgawanyiko huo haukuhusu kipaji. Uingereza, ambako kanuni za ridhaa zilikaziwa sana, mchezaji safi alikuwa yule asiyegusa pesa. Kanuni hiyo inapendeza masikioni, lakini ni nani anayeweza kuacha kazi siku tatu akashindane bila malipo? Mwenye mali. Ridhaa ilikuwa uzio wa tabaka. Ufaransa hawakuwa wakali kiasi hicho. Mbio za Bordeaux–Paris zilipoanza mwaka 1891 zilikuwa za ridhaa, na mshindi alikuwa Mwingereza, George Pilkington Mills. Mwaka huohuo Mfaransa Charles Terront, mchezaji wa kulipwa asiyeona haya, akashinda Paris–Brest–Paris ya kwanza, kilomita 1,200 hivi, kwa saa 71 na dakika 22 bila kulala, akawa shujaa wa taifa. Baada ya hapo hakuna aliyeweza kuwaambia vijana wa viwandani kwamba kulipwa ni aibu. Garin alikuwa na miaka 20.

Mbio yake ya kwanza ilikuwa mwaka 1892, Maubeuge–Hirson–Maubeuge, kilomita 200, akawa wa tano. Mwaka uliofuata akashinda Namur–Dinant–Givet kwa namna iliyomwonyesha alivyo: alipopata pancha alimwona msaidizi wa mpinzani wake amesimama na baiskeli ya akiba, akaichukua, akaondoka nayo na kushinda kwa dakika kumi. Ninaomba msomaji akiweke kisa hiki moyoni, kwa sababu tutakapofika mwaka 1904 kitatusaidia. Kwa Garin na rika lake, kanuni zilikuwa kitu kinachojadiliwa barabarani.

Basi mchezaji wa kulipwa alikula wapi? Kwanza kabisa, uwanjani.

Velodromu ni uwanja wa mviringo wenye kona zilizoinuliwa, na ubora wake mkubwa kwa mfanyabiashara ulikuwa lango. Barabara haina lango. Mtu akisimama kando ya njia kuona waendeshaji wakipita, haonekani na mkusanya tiketi. Uwanjani kila jicho limelipa. Ndiyo maana miaka ya 1890 velodromu zilichipuka mijini, na wenyewe walihitaji vitu vya kuwaweka watu kwenye viti: mbio fupi za kasi, majaribio ya rekodi ya saa moja (kwenda mbali kadiri uwezavyo ndani ya saa moja), na mbio ndefu za saa 24 au siku sita, ambazo mtu aliweza kuingia, kutazama kidogo, kwenda kazini na kurudi jioni akawakuta wanaume walewale bado wanazunguka.

Ushindi wa kwanza wa Garin akiwa wa kulipwa ulikuwa wa aina hiyo: saa 24, Paris, mwezi Februari, kwenye baridi iliyowaondoa wapinzani mmoja mmoja hadi wakabaki wawili. Alizunguka kilomita 701, akimwacha aliyebaki kwa kilomita 49. Orodha ya alichokula usiku na mchana ule imehifadhiwa: lita 19 za chokoleti ya moto, lita 7 za chai, mayai manane yaliyopikwa kwenye mvinyo wa Madeira, kahawa iliyochanganywa na shampeni, vipande 45 vya nyama, lita 5 za tapioka, kilo 2 za wali wa maziwa, na chaza. Wengine, inasemekana, walitegemea mvinyo mwekundu kujipasha moto. Tukiacha mshangao, hapo kuna akili ya kazi. Pombe hupoozesha mwili unaotetemeka. Sukari, wanga na maji ya moto huuendesha. Hakuna daktari wa michezo aliyemwandikia. Nadhani utoto wa njaa na baridi ulimfundisha kwamba chakula ni moto.

Chanzo cha pili cha mkate kilikuwa viwanda, na hapa lazima nieleze habari ya waweka kasi, maana bila kuielewa matokeo yote ya zama hizo hayasomeki.

Mwendesha baiskeli hapigani na uzito wake kwenye tambarare, anapigana na hewa. Akikaa nyuma ya mwenzake, kwa umbali wa mkono mmoja, anaokoa karibu theluthi ya nguvu. Katika mbio nyingi za miaka ya 1890 iliruhusiwa kuleta watu wa kukukatia upepo: baiskeli za watu wawili, watatu, hata wanne kwenye fremu moja, wakipokezana njiani, wakifika wamechoka wanaondoka na wapya wanaingia. Baadaye zikaja pikipiki na magari. Sasa fikiria gharama. Kwa kilomita 280 unahitaji vikosi kadhaa vya watu wenye nguvu, baiskeli zao maalumu, nauli, chakula na malazi. Kibarua hawezi. Kampuni ya baiskeli au ya tairi inaweza, kwa sababu ushindi ukichapishwa gazetini pamoja na jina la chapa, baiskeli zinauzika. Kwa hiyo mchezaji mzuri asiye na kiwanda nyuma yake alikuwa anashindana na upepo peke yake huku mpinzani akipita kwenye kivuli.

Kisha mchezaji akiwa na jina, yeye mwenyewe anageuka chapa. Garin aliliona hilo mapema. Mwaka 1895 yeye na ndugu zake wawili walifungua duka la baiskeli Roubaix. Ushindi wa Jumapili ulikuwa tangazo la duka la Jumatatu.

Na Roubaix inatuleta kwenye fundo lenyewe, lile la barabara na uwanja. Roubaix ulikuwa mji wa nguo, karibu na mpaka wa Ubelgiji. Wenye viwanda wawili wa huko, Théodore Vienne na Maurice Perez, walijenga velodromu mwaka 1895 na wakataka watu waijaze. Wazo lao lilikuwa kuanzishia mbio Paris na kuzimalizia ndani ya uwanja wao. Kilomita 280 za barabara, mawe na matope zilikuwa utangulizi. Malipo yalikuwa langoni, ambako watu walikaa wakisubiri habari za simu ya maandishi kutoka njiani hadi mwanamume mmoja mchafu aingie mlangoni na kuzunguka duru za mwisho mbele yao. Hivyo ndivyo Paris–Roubaix ilivyozaliwa Aprili 1896, mshindi wa kwanza akipata faranga 1,000. Watu huita mbio hizi malkia wa barabara, na ni haki yake, lakini mimba yake ilitungwa na uwanja.

Mwaka huo wa kwanza Mjerumani Josef Fischer alishinda na Garin akawa wa tatu. Waweka kasi walimponza: baiskeli mbili za watu wawili ziligongana mbele yake, mojawapo ikiwa ya watu wake mwenyewe, akaangushwa na kukanyagwa, na alipofika daktari alilazimika kumhudumia.

Mwaka 1897 alirudi, na mwisho wa mbio zile ndio mfano bora ninaoujua wa jinsi barabara na uwanja vilivyokuwa kazi moja. Baada ya kilomita zote hizo, Garin na Mholanzi Mathieu Cordang waliingia velodromu ya Roubaix pamoja, wamefunikwa matope hata ilikuwa vigumu kuwatambua. Zilibaki duru sita za mita 333, yaani kilomita 2. Cordang akateleza kwenye saruji akaanguka. Alipoinuka Garin alikuwa mbele kwa mita 100. Sasa ikawa mbio ya kukimbizana ya uwanjani, mbele ya mji wa Garin mwenyewe: duru kwa duru Cordang akapunguza pengo, kengele ya duru ya mwisho ikalia pengo likiwa mita 30, na Garin akafika mstarini akiwa mbele kwa mita 2 tu. Anayejua barabara peke yake angeshikwa. Garin alijua kuendesha akiwa amekufa kwa uchovu na bado kushika mstari wa ndani kwenye kona, kwa sababu saa 24 zilishamfundisha.

Mwaka 1898 akashinda tena, safari hii kwa pengo kubwa sana. Miaka miwili mitatu iliyofuata alikuwa karibu na ushindi mara kwa mara bila kuupata. Kisha Agosti 1901 akashinda Paris–Brest–Paris ya pili kwa saa 52, dakika 11 na sekunde 1, akipunguza zaidi ya saa 19 kwenye muda wa Terront. Mwaka 1902 akashinda Bordeaux–Paris. Alikuwa na miaka 31, na mbio kubwa ndefu kadhaa za Ufaransa alikuwa ameshazishinda. Kisha ikabuniwa nyingine.

Iliyobuniwa haikubuniwa kwa ajili yake, wala kwa ajili ya mchezo hasa. Ilitokana na vita vya magazeti. Gazeti kubwa la michezo lilikuwa Le Vélo la Pierre Giffard, likichapwa kwenye karatasi za kijani. Giffard alimtetea kapteni Dreyfus, afisa Myahudi aliyehukumiwa kwa uongo kuwa msaliti, katika kesi iliyoipasua Ufaransa nzima. Watengenezaji magari na tairi waliompinga Dreyfus, wakiongozwa na kabaila de Dion, wakaondoa matangazo yao na mwaka 1900 wakaanzisha gazeti shindani, L'Auto-Vélo, la karatasi za njano. Mhariri wakamchukua Henri Desgrange. Mahakama ikawaamuru wafute neno Vélo kwenye jina, likabaki L'Auto. Gazeti lilikuwa linazama.

Tumwangalie Desgrange ni nani. Tarehe 11 Mei 1893, kwenye velodromu ya Buffalo jijini Paris, aliweka rekodi ya kwanza ya saa moja inayotambuliwa, kilomita 35.325. Baadaye akawa mkurugenzi wa velodromu ya Parc des Princes. Huyu alikuwa mtu wa uwanja na wa lango. Mwishoni mwa 1902 mwandishi wake kijana, Géo Lefèvre, alimpa wazo la kuchukua mbio za siku sita zinazojaza viwanja na kuzitandaza juu ya Ufaransa yote. Hatua sita, mji hadi mji. Msomaji akilitazama hivi, Tour de France ya mwanzo haionekani tena kama kitu kilichoanguka kutoka mbinguni. Ilikuwa mbio ya uwanjani iliyotolewa nje, ikiwa na gazeti badala ya tiketi: kwa kuwa huwezi kuwalipisha watu kando ya barabara, unawauzia karatasi asubuhi inayofuata.

Waliojiandikisha mwanzoni walikuwa wachache mno, kama 15. Desgrange akasogeza tarehe, akafupisha muda, akashusha ada ya kushiriki hadi faranga 10, na akaahidi faranga 5 kwa siku kwa waendeshaji 50 wa kwanza ambao wangeshika mwendo wa wastani wa kilomita 20 kwa saa. Ni ileile faranga 5 ya kibarua. Yaani aliwaambia mafundi na vibarua wa Ufaransa: njooni, hamtapoteza mshahara. Wakaja 60. Na akachukua uamuzi ambao kwangu ndio mkubwa kuliko yote: alipiga marufuku waweka kasi. Mara moja, nguvu ya kiwanda juu ya upepo ikapungua, na mtu akabaki na mapaja yake. Viwanda havikuondoka, lakini. Garin aliendesha chapa ya La Française, akiwa mshindani aliyetajwa na wengi kuwa atashinda.

Walianza tarehe 1 Julai 1903 alasiri, mbele ya mkahawa wa Au Réveil Matin huko Montgeron, nje ya Paris. Hatua ya kwanza hadi Lyon ilikuwa kilomita 467, kwa hiyo usiku uliwakuta barabarani. Baiskeli zilikuwa nzito, gia moja, na kila mmoja alibeba zana zake. Fremu ikivunjika au tairi likipasuka alitengeneza mwenyewe. Garin akafika Lyon baada ya saa 17 na dakika 45, sekunde 55 mbele ya Émile Pagie. Mpinzani aliyeogopwa, Hippolyte Aucouturier, aliugua tumbo na kujitoa siku hiyohiyo, ila kanuni ilimruhusu kuendelea na hatua zilizofuata bila kuhesabiwa kwenye jumla, naye akashinda mbili. Garin hakuhitaji kushinda kila siku. Alichukua ya kwanza, ya tano na ya sita, akiwa na kitambaa cha kijani mkononi kama kiongozi. Jezi ya njano, anayoivaa kiongozi leo, ilikuwa bado haijabuniwa.

Tarehe 19 Julai saa ya mbio ilisimamishwa Ville-d'Avray, nje ya Paris, kisha waendeshaji wakaingia Parc des Princes, uwanja wa Desgrange mwenyewe, uliojaa watu waliolipa tiketi. Kilomita 2,428 kwa saa 94 na dakika 33. Wa pili, Lucien Pothier, alikuwa nyuma kwa karibu saa tatu, pengo ambalo halijawahi kufikiwa tena. Katika 60, walimaliza 21. Garin aliondoka na zaidi ya faranga 6,000, ambazo kibarua wa faranga 5 angezipata kwa kufanya kazi siku 1,200 mfululizo. Mauzo ya L'Auto yalipaa zaidi ya maradufu, na mwaka 1904 Le Vélo likafa.

Mwaka huohuo mambo yakaharibika. Nimesoma maelezo mengi ya Tour ya 1904 yanayoishia kusema tu kwamba washindi walidanganya. Haitoshi. Tujiulize udanganyifu ule uliwezekanaje. Waendeshaji walikuwa wakisafiri usiku, wametawanyika kwa makumi ya kilomita. Wasimamizi walikuwa wachache. Mwaka wa kwanza Lefèvre alikuwa akikimbia kati ya baiskeli na treni ili awahi vituo vya kuhakikisha majina. Kati ya kituo na kituo palikuwa giza. Mtu angeweza kuvutwa na gari kwa kamba, au kupanda treni na kushuka kituo cha mbele, na shahidi awe mwezi peke yake. Uwanjani watazamaji walikuwa wakiona kila duru. Desgrange alitoa mbio ya siku sita nje ya uwanja, lakini macho ya uwanja hakuweza kuyatoa.

Na si waendeshaji pekee. Miji iliyosoma L'Auto sasa ilikuwa na mashujaa wake na iliwapigania kwa mawe. Kwenye mlima karibu na Saint-Étienne, usiku, kundi la mashabiki wa kijana wa kwao, Antoine Faure, lilimpisha kijana wao likawavamia wenzake kwa fimbo na mawe. Garin aliumizwa mkono, Mwitaliano Giovanni Gerbi alipigwa hadi kupoteza fahamu, na wasimamizi walilazimika kufyatua risasi hewani kuwatawanya. Kule Nîmes mashabiki wa Ferdinand Payan, aliyeondolewa kwa kujikinga nyuma ya chombo cha moto, waliziba njia. Misumari ilimwagwa barabarani. Garin alisema atashinda iwapo hatauawa kabla ya kufika Paris. Na alishinda, dakika chache tu mbele ya Pothier.

Kisha miezi ikapita. Mwishoni mwa mwaka shirikisho la baiskeli la Ufaransa, UVF, likatoa uamuzi: wanne wa kwanza wote, Garin, Pothier, César Garin ambaye ni mdogo wake, na Aucouturier, wafutwe kwenye matokeo. Ushindi akapewa wa tano, Henri Cornet, kijana ambaye alikuwa hajatimiza miaka 20 mbio zilipomalizika, na hadi leo hajapatikana mshindi mdogo kuliko yeye. Garin akafungiwa miaka miwili. Pothier akafungiwa maisha, ingawa baada ya miaka michache alirejeshwa.

Shirikisho halikuchapisha kosa la kila mmoja, na hapo ndipo mgogoro ulipoota mizizi. Inasimuliwa kwamba katika hatua ya kwanza Garin alipewa chakula mahali pasiporuhusiwa, na aliyempa ni Lefèvre mwenyewe, kwa hofu kwamba bingwa wao angejitoa. Kama ni hivyo, gazeti lilimlisha mtu wake na shirikisho likamhukumu kwa kula. Miaka mingi baadaye mzee mmoja wa Lens, mji alikoishi Garin, ambaye utotoni mwake alimfahamu bingwa huyo, alisimulia kwamba Garin alikiri kuwa alipanda treni, akacheka na kusema alikuwa kijana. Alikuwa na miaka 33. Mimi naamini alivunja kanuni, na naamini pia kwamba aliadhibiwa na watu waliotaka kumwonyesha Desgrange na gazeti lake kuwa barabara za Ufaransa zina mwenyewe mwingine. Imani mbili hizi hazigombani. Mtu yuleyule aliyechukua baiskeli ya mwenzake njiani mwaka 1893 na kusifiwa, alifanya yanayofanana na hayo miaka 11 baadaye katika mchezo ambao sasa ulikuwa na magazeti, mikataba na ofisi.

Limebaki la uraia. Kwa miaka mingi iliandikwa kwamba Garin alipata uraia wa Ufaransa mwaka 1892, alipofikisha miaka 21. Mwaka 2004 mwandishi wa habari mmoja Mwitaliano alipekua hati na kukuta tarehe tofauti: 21 Desemba 1901. Siku hiyo moja inapanga upya orodha nzima. Paris–Roubaix za 1897 na 1898 na Paris–Brest–Paris ya Agosti 1901 zilishindwa na raia wa Italia. Bordeaux–Paris ya 1902 na Tour ya 1903 zilishindwa na Mfaransa. Ni mtu mmoja, miguu ileile. Wakati wake swali hilo halikumnyima usingizi mtu yeyote, kwa sababu mchezaji wa kulipwa hakuendesha kwa ajili ya bendera. Aliendesha kwa ajili ya lango, kiwanda na gazeti, na kwa ajili ya duka lake.

Mwaka 1911, akiwa na miaka 40, alirudi kwenye Paris–Brest–Paris akawa wa kumi. Baada ya hapo alibaki Lens, mji wa makaa ya mawe, alikohamia mwaka 1902 na ambako alikuwa na gereji yake. Mwaka 1953 Tour ilipotimiza miaka 50 walimwalika Paris pamoja na mabingwa wengine wa zamani. Alifariki Lens tarehe 19 Februari 1957, akiwa na miaka 85. Mji huo ulikuwa na uwanja ulioitwa kwa jina lake, na uwanja wenyewe ulikuwa velodromu.